SINEMA YA MKUTANO WA CHAMA

Wanafunzi wenzangu wengi husadiki kwamba sinema ya mambo ya kweli haiwezi kudanganya, kwa kuwa kamera huonyesha kile kilichokuwapo. Napenda kuwaeleza habari za sinema moja niliyoitazama mara mbili.

Mwezi wa Septemba 1934, chama cha Nazi kilifanya mkutano wake mkuu katika mji wa Nuremberg, Ujerumani. Hitler alimpa kazi ya kuupiga picha bibi mmoja, jina lake Leni Riefenstahl. Alikuwa na watu wapatao 170, na kati yao wapiga picha 16, kila mmoja na msaidizi wake. Reli zilitandikwa ili kamera zipite polepole mbele ya watu, na kwenye mlingoti mrefu wa bendera kulifungwa chombo cha kumpandisha mpiga picha juu. Basi nauliza, mkutano ulipigwa picha, au ulipangwa ili upigwe picha?

Filamu iliyokusanywa ilikuwa ya saa 60 hivi. Bibi yule akakaa miezi kadhaa akikata na kuunga, hata zikabaki saa mbili kasoro kidogo. Hapo ndipo penye kazi yenyewe. Twamwona Hitler amesimama motokaani; mara twaona mtoto anacheka; mara umati umeinua mikono. Mtoto huyo aweza kuwa alicheka saa nyingine kabisa, lakini macho yetu huunganisha. Wala hakuna sauti ya msimulizi, kwa hiyo mtu hudhani anajionea mwenyewe.

Bibi huyo alikuwa ameupiga picha mkutano wa mwaka 1933 pia. Katika sinema ile Ernst Röhm, mkuu wa askari wa chama, alionekana karibu na Hitler. Mwaka 1934 Hitler aliamuru auawe, na sinema ile ikaondolewa isionyeshwe tena.

Riefenstahl alifariki mwaka 2003, na miaka yote alishikilia kwamba aliandika historia tu kwa picha. Mimi sikubali. Wakati wa vita Mwingereza mmoja, Charles Ridley, alichukua filamu yake, akaipeleka mbele na kuirudisha nyuma kwa kufuata muziki wa dansi. Askari wale wale waliotisha wakaonekana wanacheza, na watu wakacheka sana.