Kesi ya Ndoa Inapofunguliwa Mbali na Nyumbani

Ndoa inapoingia katika mgogoro wengi wetu huuliza nani mwenye haki. Lakini lipo swali linalotangulia: shauri litasikilizwa wapi? Katika toleo hili tunaeleza jinsi India inavyoshughulikia swali hilo.

Tuchukue mfano. Mume na mke wa Kihindu waliishi Mumbai. Baada ya ugomvi, mke akarudi kwa wazazi wake Patna akiwa na mtoto mchanga. Mume akafungua shauri la talaka Mumbai. Sheria ya Ndoa za Kihindu ya 1955 inamruhusu, kwa kuwa ndipo walipoishi pamoja mara ya mwisho. Mke naye, tangu marekebisho ya 2003, angeweza kufungua shauri lake mahali anapoishi. Lakini mume amemtangulia, na sasa kila anapoitwa mahakamani mama huyu atasafiri zaidi ya kilomita 1,500 kwa treni. Asipofika, shauri linaweza kuamuliwa bila yeye kusikilizwa.

Kwa nini afike mwenyewe? Sheria ya Mahakama za Familia ya 1984 inaitaka mahakama ijaribu kwanza kuwapatanisha wahusika. Tena, chini ya sheria hiyo, kuwakilishwa na wakili si haki ya moja kwa moja.

Maombi hupelekwa wapi?

Yanatawaliwa na Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya 1908, ambayo iliwahi kutumika hata Tanganyika. Mahakama zote mbili zikiwa ndani ya jimbo moja, Mahakama Kuu inaweza kulihamisha shauri kwa kifungu cha 24. Zikiwa katika majimbo tofauti, kama Mumbai na Patna, maombi huenda Mahakama ya Juu, New Delhi, kwa kifungu cha 25, yakiambatana na hati ya kiapo. Upande wa pili hupewa taarifa na kusikilizwa. Mwanamke anastahili msaada wa kisheria bila malipo, hata kama ana kipato, kwa mujibu wa sheria ya 1987.

Mahakama huangalia nini?

Kipimo kikuu ni haki kutendeka. Katika uamuzi wa 2022, Mahakama ya Juu ilitaja hali ya uchumi ya pande zote mbili, namna wanavyojipatia riziki na nani anawategemeza. Ikaongeza kwamba kwa kawaida urahisi wa mke ndio wa kutazamwa.

Hata hivyo, ombi halikubaliwi kwa sababu tu mwombaji ni mwanamke. Mahakama hiyohiyo iliwahi kuonya kwamba huruma yake ilikuwa ikitumiwa vibaya. Ilikataa ombi lililokuwa mbele yake, ikaagiza mume alipe nauli na malazi ya mke pamoja na mtu wa kumsindikiza. Ombi la usumbufu linaweza kumgharimu mwombaji fidia isiyozidi rupia 2,000.

Je, video haitoshi?

Machi 2017 Mahakama ya Juu iliona video ingeweza kupunguza safari. Oktoba mwaka huohuo jopo la majaji watatu, kwa wawili dhidi ya mmoja, lilibadili msimamo huo: video itumike baada ya upatanisho kushindikana, na pande zote mbili zikiridhia. Sababu yao inatugusa, kwani mazungumzo ya kupatana yanahitaji faragha.

Tunajifunza nini?

Kuhamisha shauri si kushinda shauri. Talaka, matunzo na malezi ya mtoto bado vitaamuliwa kwa ushahidi. Kinachobadilika ni kwamba mama anaweza kufika na kusikilizwa. Hivyo basi, tunawasihi ninyi mnaosaidia familia: mtu akipokea wito wa mahakama ya mbali, asiutupe wala asikae kimya. Atafute ushauri wa kisheria mapema, na atunze tiketi, vyeti vya hospitali na uthibitisho wa kipato. Hivyo ndivyo vitakavyoonyesha uzito wa safari yake.