Vibraniamu: Madini ya miujiza ya Wakanda na funzo lake kwetu

Je, msomaji, ungefanya nini iwapo chini ya shamba la babu yako kungegunduliwa madini yasiyopatikana kwingineko duniani? Ungeyauza yakiwa mawe? Ungeyafua mwenyewe? Au ungeyafukia upesi ili jirani asijue? Swali hili ndilo kiini cha hadithi ya Wakanda, nchi ya kubuni ya Kiafrika ambayo watoto wengi wa mijini huifahamu kuliko baadhi ya kaunti zetu.

Wakanda ilizaliwa mwaka wa 1966 katika vijarida vya vibonzo vya kampuni ya Marvel nchini Marekani. Waliowabuni watu wake ni Stan Lee, mwandishi, na Jack Kirby, mchoraji. Utajiri wa nchi hiyo ni vibraniamu, madini yaliyoletwa na kimondo kilichoanguka kutoka angani enzi za kale mno.

Sifa kuu ya vibraniamu ni kumeza mtikisiko. Chuma cha kawaida kikigongwa kwa nyundo hulia na kutetema, lakini vibraniamu huinyonya nguvu ya pigo na kuihifadhi ndani yake. Kutokana na sifa hiyo moja, watunzi wamezua matumizi chungu nzima. Ngao ya Captain America, isiyotobolewa na risasi, ina madini hayo. Vazi la Mfalme T'Challa, yaani Black Panther, huweka akiba ya kila ngumi anayopigwa, kisha humrudishia adui zote kwa kishindo kimoja.

Katika filamu ya Black Panther ya mwaka wa 2018, dada yake mfalme, Shuri, msichana mwanasayansi mwenye utani mwingi, anaitumia vibraniamu kuendesha garimoshi zisizo na moshi na kuunda shanga za mkononi zinazofanya kazi ya simu. Mpelelezi Mmarekani aliyepigwa risasi ya uti wa mgongo anatibiwa na kuinuka, akabaki akishangaa. Hata mmea wenye umbo la moyo, unaompa mfalme nguvu za chui, umepata uwezo wake kutokana na madini hayo.

Wakenya waliipokea filamu hiyo kwa shangwe, hasa kwa kuwa Lupita Nyong'o aliigiza kama Nakia. Wakazi wa Kisumu walikuwa miongoni mwa watu wa kwanza barani kuitazama, mwezi wa Februari mwaka huo. Baadaye ilitwaa tuzo tatu za Oscar.

Hata hivyo, chini ya vita na mbwembwe zile kuna mjadala mzito. Kwa karne nyingi Wakanda ilijifanya nchi fukara ya wafugaji ili wageni wasiijue siri yake. Nakia anauliza: tunawezaje kustarehe ilhali majirani wanateseka? Adui wao, Killmonger, anauliza swali hilo hilo kwa hasira, naye anataka silaha za vibraniamu zisambazwe ulimwenguni. Tunamwona kwanza katika jumba la makumbusho jijini London, akimwambia msimamizi kwamba shoka lililowekwa pale ni la Wakanda, na kwamba liliporwa na askari wa Uingereza kule Benin. Hapo watunzi hawakubuni yote, kwa maana askari wa Uingereza waliupora kweli mji wa Benin mwaka wa 1897.

Mwishowe T'Challa anafungua milango. Lakini katika filamu ya pili, ya mwaka wa 2022, mataifa makubwa yanaanza kuinyemelea vibraniamu kwa hila na bunduki. Waliohofia kuifichua siri hawakuwa wajinga.

Sasa tutoke Wakanda twende Kolwezi, nchini Kongo, ambako Kiswahili huzungumzwa sokoni na migodini. Kongo hutoa zaidi ya nusu ya kobalti yote inayochimbwa duniani, madini yanayotiwa katika betri za simu na za magari ya umeme. Sehemu kubwa husafishwa Uchina, kisha mchimbaji huuziwa simu iliyotoka ng'ambo. Hapa kwetu, kuanzia mwaka wa 2014 mchanga wa Kwale wenye titaniamu ulipakiwa melini Likoni na kwenda kutengenezewa bidhaa nchi za nje, hadi mgodi ulipofungwa Desemba 2024.

Ukiitazama tena filamu ya kwanza, angalia ilipo maabara ya Shuri. Imo ndani ya mgodi wenyewe. Jiwe linachimbwa hapa, na hatua chache tu kutoka hapo linageuzwa kuwa vazi, dawa au chombo cha kusafiria, na anayeligeuza ni msichana aliyelelewa papo hapo. Kimondo kiliwapa Wakanda jiwe tu. Maarifa waliyatafuta wenyewe, kizazi baada ya kizazi.

Mzazi, mwanao akiomba kuitazama filamu hiyo Jumapili ya leo, keti naye. Ikimalizika, mwulize swali la shamba la babu. Akijibu kwamba angeyafua madini yale mwenyewe, mwulize pia anaendeleaje na somo la kemia.