Sofia: Jina Lenye Maana ya Hekima

Weka daftari na kalamu yako karibu, maana leo yako maneno machache ya kuandika.

Jioni moja, katika darasa la watu wazima, mzee mmoja aliniletea fomu ya shule ya mjukuu wake ili nimsaidie kuijaza. Nikamwuliza jina la mtoto. Akajibu, "Sofia." Nikaitazama hati ya kuzaliwa, nikaona imeandikwa "Safia." Nikaitazama kadi ya kliniki, nayo imeandikwa "Sophia." Nikamwambia, "Mzee wangu, lipi hasa ndilo jina lake?" Akacheka, akasema, "Mwalimu, si yote mamoja?"

La, si yote mamoja. Sofia na Sophia ni jina moja, ila limeandikwa kwa namna mbili. Sisi katika Kiswahili twaandika kwa herufi "f", na Waingereza huandika "ph". Lakini Safia ni jina lingine kabisa. Hilo ni la Kiarabu, na shina lake ni lile lile la neno letu "safi". Ni jina la heshima kubwa, kwa kuwa mmoja wa wake wa Mtume Muhammad aliitwa Bibi Safia. Basi Safia ni msichana wa usafi, wa moyo na wa mwenendo. Je, Sofia ni nani? Hilo ndilo somo letu la leo.

Sofia ni neno la Kiyunani, yaani lugha ya watu wa nchi ya Ugiriki. Maana yake ni hekima. Lakini usidhani kwamba tangu mwanzo lilikuwa neno la wasomi na wazee wa baraza. Katika utenzi mmoja wa kale sana, uitwao Iliadi, neno hili limetumika mara moja tu, na hapo latajwa kwa ajili ya seremala aundaye vyombo vya baharini, ambaye mkono wake waijua kazi barabara. Hiyo ndiyo hekima ya kwanza ya Wayunani: ufundi wa mtu aliyejifunza kazi yake hadi akaiweza. Baadaye neno likapanuka, likawa na maana ya akili pevu ya kupambanua mema na mabaya.

Sasa chukua kalamu, uandike neno hili: falsafa. Umelisikia mara nyingi. Je, wajua kwamba ndani yake yumo Sofia? Wayunani walisema "filosofia", yaani kuipenda hekima. Zaidi ya miaka elfu moja iliyopita, wataalamu katika mji wa Baghdad walivifasiri vitabu vingi vya Kiyunani kwa lugha ya Kiarabu, na neno hilo likageuka kuwa "falsafa". Kutoka Kiarabu likaingia katika Kiswahili. Basi mwanafalsafa ni mtu aipendaye hekima. Neno lenyewe "hekima" nalo limetoka Kiarabu, na ndugu zake ni "hakimu" na "hukumu". Utaona kwamba maneno yana ukoo kama watu walivyo na ukoo.

Je, ilikuwaje neno hili likawa jina la mtu? Wakristo wa zamani walikuwa na masimulizi ya mama mmoja wa mji wa Roma aliyeitwa Sofia. Husimuliwa kwamba alikuwa na mabinti watatu, nao waliuawa mbele ya macho yake kwa sababu ya dini yao, katika siku za mfalme Hadrian, karne ya pili. Wataalamu wa historia huyahesabu masimulizi haya kuwa hadithi, lakini yatazame majina ya watoto hao. Kwa Kiyunani waliitwa Pistis, Elpis na Agape. Kwa Kiswahili ndio Imani, Tumaini na Upendo. Bila shaka unawajua wasichana wenye majina hayo kijijini kwako au mtaani kwako. Mama yao, kwa Kiswahili, angeitwa Hekima.

Jina hili lilizidi kutukuka kwa sababu ya jengo moja. Mwaka 532 palizuka ghasia kubwa katika mji wa Konstantinopoli, ambao leo ndio Istanbul katika Uturuki, na kanisa kuu la mji likateketea. Mfalme Justinian akaamuru lijengwe lingine, likamalizika mwaka 537. Kuba lake lina upana wa mita 31 hivi. Likaitwa Hagia Sofia, yaani Hekima Takatifu. Watu wengi hufikiri kwamba liliitwa kwa jina la mwanamke mtakatifu. Sivyo, liliitwa kwa jina la hekima ya Mungu. Mwaka 1453 Sultani Mehmed wa Pili aliuteka mji huo, na kanisa likawa msikiti. Mwaka 1935 likafunguliwa kuwa jumba la makumbusho, na mwaka 2020 likarudishwa kuwa msikiti. Watawala wamebadilika, na matumizi yamebadilika, lakini jina halikubadilika. Waturuki huliita Ayasofya hadi leo.

Kutoka mji huo jina lilienea kaskazini pamoja na dini. Sofia, mji mkuu wa Bulgaria, ulipata jina lake kutoka kanisa la Mtakatifu Sofia lililomo humo. Na mwaka 1472, binti wa ukoo wa wafalme wa Konstantinopoli aitwaye Zoe aliolewa na Ivan wa Tatu, mtawala wa Moscow. Huko Urusi akaitwa Sofia, na jina hilo likawa la heshima katika jumba la kifalme.

Sasa sikiliza kwa makini, maana hapa ndipo penye kiini cha somo. Mwaka 1850 alizaliwa huko Moscow msichana aliyepewa jina hilo hilo. Huyu ni Sofia Kovalevskaya. Yeye mwenyewe aliandika kwamba alipokuwa mtoto, nyumba yao ilipambwa kwa karatasi za ukutani, nazo hazikutosha chumba cha watoto. Basi wakabandika kurasa za masomo ya hesabu za juu. Jambo hili si geni kwetu, maana nyumba ngapi zimebandikwa magazeti ukutani? Mtoto alisimama mbele ya ukuta ule saa nyingi, akijaribu kufahamu alama zile.

Alipokuwa mkubwa akataka kusoma. Lakini katika Urusi ya siku zile wanawake hawakukubaliwa katika vyuo vikuu, na msichana hakuweza kwenda nchi za nje bila ruhusa ya baba au mume. Akaolewa mwaka 1868 ili apate njia ya kutoka. Akafika Berlin mwaka 1870, na huko pia akakataliwa kuingia darasani. Profesa Karl Weierstrass, aliyekwisha kuona akili yake, akamfundisha kando kwa muda wa miaka minne. Mwaka 1874 alipata shahada ya udaktari wa hesabu katika Chuo Kikuu cha Göttingen. Aliporudi kwao, chuo kikuu hakikumpa kazi. Hatimaye ni mji wa Stockholm, katika nchi ya Sweden, uliompa nafasi ya kufundisha.

Mwaka 1888 alishindania tuzo ya wataalamu wa Paris. Alieleza kwa hesabu jinsi kitu kizito kinavyozunguka juu ya nukta moja, kama vile pia anayochezea mtoto. Maandishi ya mashindano hayo yaliletwa bila majina. Waamuzi wakayasoma, wakayaona mazuri mno hata wakaiongeza tuzo kutoka faranga 3,000 hadi 5,000. Walipofungua jina, wakamkuta Sofia. Mwaka uliofuata akawa profesa kamili. Alifariki mwaka 1891, akiwa na umri wa miaka 41.

Ndugu yangu, fikiri juu ya jambo hili. Watu walimwita binti yao Hekima, kisha wakamfungia mlango wa hekima. Kumpa mtoto jina zuri ni rahisi, halina ada wala sare. Kazi ni kumpa kile ambacho jina lake lasema. Hapa kwetu jina la Sofia wanalo Wakristo na Waislamu. Bibi Sofia Kawawa, aliyeongoza Umoja wa Wanawake wa Tanzania katika miaka ya 1980, wengi wanamkumbuka. Lakini wako akina Sofia wengine waliotolewa shule ili wakachote maji na kulea wadogo zao, huku kaka zao wakiendelea kusoma.

Yule mzee nilimweleza haya yote. Akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Basi mwalimu, andika Sofia. Na kesho nitakwenda kuisahihisha ile hati." Nawe fanya hivyo. Chagua namna moja ya kuliandika jina la mwanao, ulitumie katika hati ya kuzaliwa, kadi ya kliniki na fomu ya shule. Hati zikipingana, usingoje siku ya mtihani. Nenda mapema katika ofisi inayoandikisha vizazi.

Maswali ya kuzungumza katika kikundi chenu:

1. Kuna tofauti gani kati ya jina la Safia na jina la Sofia?
2. Neno "falsafa" lina maana gani, nalo limefikaje katika Kiswahili?
3. Jina la binti yako lina maana gani? Je, wewe unamsaidiaje alistahili?

Kwaherini, hadi somo lijalo.