Kuonyesha Kisichoonekana: Ngeli za Mahali katika Matembezi ya Kuongozwa, kutoka Mitaa ya Jazi ya Kariakoo hadi Viwanja vya Mbina vya Bariadi

Ikisiri

Makala haya yanachunguza lugha ya mwongozaji anayewatembeza wageni kwa miguu katika mtaa wenye historia ya muziki, lakini ambao majengo yake mengi yametoweka. Mifano inatokana na eneo la Kariakoo, Dar es Salaam, na viwanja vya ngoma vya Bariadi, Mkoa wa Simiyu. Hoja kuu ni kwamba ngeli za mahali katika Kiswahili haziishii kwenye upatanisho wa kisarufi. Uteuzi wa PA-, KU- au MU- humfunga msemaji katika dai mahususi kuhusu kilichopo, kilichokuwapo na kile asichokuwa na hakika nacho.

1.0 Utangulizi

Matembezi ya kuongozwa katika mitaa ya muziki yamezoeleka katika miji mingi duniani. Mfano unaotajwa mara kwa mara ni New Orleans, Marekani. Mtaa wa Storyville mjini humo, ambamo wanamuziki wengi wa mwanzo wa jazi walipata ajira, ulifungwa mwaka 1917. Sehemu kubwa ya majengo yake ilibomolewa mwishoni mwa miaka ya 1930 ili kupisha nyumba za umma. Kwa hiyo mgeni anayetembezwa huko huoneshwa zaidi nafasi kuliko majengo. Anachokiona ni barabara. Anachokisikia ni ukumbi.

Hali hii iliwahi kuelezwa kinadharia kabla matembezi ya aina hiyo hayajawa biashara. Mwaka 1934 Karl Bühler alitofautisha namna tatu za kuashiria kwa lugha: kuashiria kilicho mbele ya macho, kuashiria kilichokwisha kutajwa katika mazungumzo, na kuashiria kilichomo katika njozi za wasemaji. Mwongozaji wa mtaa uliobomolewa huchanganya namna hizo tatu katika sentensi moja. Swali linaloongoza makala haya ni hili: Kiswahili kinampa mwongozaji huyo nyenzo gani, na nyenzo hizo zinamdai nini?

2.0 Jazi ya Kiswahili ni nini?

Kabla ya kuchambua sarufi, inafaa neno lenyewe lifafanuliwe, kwani mgeni anaweza kupotea tangu hatua ya kwanza. Katika majina ya bendi za Tanzania, neno jazi, lililoandikwa kwa kawaida kwa tahajia ya Kiingereza, halikurejelea muziki uliopigwa New Orleans. Lilimaanisha kundi la wanamuziki wenye magitaa, na mara nyingi tarumbeta na saksafoni, wanaopiga muziki wa dansi. Rumba ya Kuba, iliyofika Afrika Mashariki kwa njia ya sahani za santuri, na baadaye muziki wa Kongo, viliuathiri muziki huo kuliko jazi ya Marekani. Maana ya neno ilihama kutoka aina ya muziki hadi aina ya chama.

Uhamaji huo unaonekana katika muundo wa majina: jina la mahali au la taasisi hutangulia, kisha hufuata neno jazi. Ndivyo yalivyopatikana majina kama Dar es Salaam Jazz, Morogoro Jazz, Tabora Jazz, Kilwa Jazz na Western Jazz, ambayo jina lake lilitokana na Jimbo la Magharibi la wakati wa ukoloni. Baada ya uhuru mashirika nayo yaliingia. NUTA Jazz ilianzishwa mwaka 1964 chini ya chama cha wafanyakazi, na jina lake likabadilika kila chama hicho kilipobadilika: ikawa JUWATA, kisha OTTU, na hatimaye Msondo Ngoma. Jina la mwisho ni la mtindo na si la mwajiri. Bendi ilipokosa shirika la kuiegemea, ilisimama juu ya jina ambalo wapenzi wake walikuwa wakiliita siku zote.

Mlimani Park Orchestra, iliyoanzishwa mwaka 1978, ilichukua jina la baa iliyokuwa karibu na Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Mwaka 1983 bendi ilihamia chini ya Shirika la Maendeleo la Dar es Salaam (DDC), na ukumbi wa shirika hilo Kariakoo ukawa makao yake kwa miaka mingi. Hivyo jina la mlima lilishuka hadi bondeni, na mtindo wake, Sikinde, ulichukua jina la ngoma ya Wazaramo. Mwongozaji asiyeeleza mambo haya atawaacha wageni wakitafuta Kariakoo kitu ambacho hakikuwahi kuwapo, huku kilichokuwapo kikiwapita.

3.0 Mtaa kama matini

Kariakoo inasomeka kwa sababu mpangilio wake haukubadilika sana hata pale majengo yalipobadilika. Jina lenyewe linatokana na Kikosi cha Wapagazi cha Waingereza katika Vita Kuu ya Kwanza. Katika mpango wa mji wa kikoloni eneo hilo lilikuwa ukanda wa tatu, uliotengewa Waafrika, na uwanja wa Mnazi Mmoja ulilitenga na ukanda wa pili. Pembezoni mwa uwanja huo, katika miaka ya 1950, ulijengwa ukumbi wa Arnautoglu, ambamo madansi na mikutano vilipishana. Jirani yake, katika mtaa ambao leo unaitwa Lumumba, TANU ilizaliwa tarehe 7 Julai 1954. Siasa na dansi vilikuwa majirani wa kutembeleana.

Alama nyingine zimepungua. Nyumba za Kiswahili zenye ukumbi katikati na vyumba pande mbili zimebomolewa kwa wingi ili kupisha magorofa ya biashara. Soko Kuu, lililobuniwa na msanifu Beda Amuli na kujengwa katika miaka ya 1970, liliungua Julai 2021. Kwa hiyo matini ya Kariakoo inafanana na hati iliyofutwa na kuandikwa upya: mistari imebaki ileile, maneno ni mengine. Msomaji wa hati kama hiyo anahitaji mtu wa kumsomea.

4.0 Sarufi ya kuonyesha

4.1 Uteuzi wa ngeli

Tangu E. O. Ashton (1944), wanasarufi wamekubaliana kwa jumla kwamba PA- huonyesha mahali mahususi, KU- huonyesha eneo lisilo na mipaka dhahiri au mwelekeo, na MU- huonyesha ndani. Tuchukue mifano ifuatayo, iliyotungwa kwa ajili ya uchambuzi huu:

(1) Hapa palipigwa dansi.
(2) Huku kulipigwa dansi.
(3) Humu mlipigwa dansi.

Sentensi zote tatu ni sahihi kisarufi, lakini hazisemeki popote. Sentensi (3) inadokeza kwamba ndani ile ingalipo: kuta zilizozunguka dansi ndizo zinazomzunguka msemaji. Inasemeka katika ukumbi wa Arnautoglu. Ikisemwa katika duka la vitambaa lililo chini ya gorofa jipya, inageuka uongo, hata kama gorofa limesimama juu ya msingi wa ukumbi wa zamani, kwa kuwa ndani ya duka si ndani ya ukumbi. Hapo inayofaa ni (1), inayodai uso wa ardhi tu. Sentensi (2) inafaa pale ambapo mwongozaji anajua mtaa lakini hana hakika na kiwanja. Kwa hiyo hatua kutoka MU- hadi PA- hadi KU- ni ngazi ya kupungua kwa dai. Mwongozaji mwaminifu hushuka ngazi hiyo kadiri ushahidi wake unavyopungua.

Ngazi hiyohiyo ipo katika ukanushi. Mwongozaji anaposema “ukumbi haupo”, anakanusha mahali mahususi anapopaonyesha. Anaposema “ukumbi hauko”, anaukosa katika eneo zima.

4.2 Vionyeshi na ujuzi wa msikilizaji

Vionyeshi vya mahali vina safu tatu: hapa, huku, humu, hapo, huko, humo, na pale, kule, mle. Katika matembezi safu hizi hufuatana na miguu. Kabla ya kufika, mwongozaji husema “pale penye gorofa lile”. Akifika husema “hapa”. Akiisha kupita, mahali hapo huwa “hapo tulipotoka”. Safu ya kati ndiyo yenye mtego. Mbali na kuonyesha kilicho karibu na msikilizaji, hurejelea kilichokwisha kutajwa au kinachojulikana kwa wote wawili. Mwongozaji anayeanza na kauli “hapo DDC” anadhani kwamba anayemsikiliza anaijua DDC. Kwa mzee wa Kariakoo kauli hiyo imetosha. Kwa mwanafunzi aliyetoka Bariadi haijasema kitu; inamtangazia tu kwamba yeye ni mgeni.

4.3 Njeo na hali

Kiambishi -li- peke yake hutoa tukio, lakini mtaa wa muziki haukujengwa kwa tukio moja. “Palikuwa pakipigwa dansi” hurejesha mazoea ya juma baada ya juma, yaani kile hasa kilichoufanya ukumbi uwe ukumbi. Wakati uliopo hauna budi kuepukwa pale desturi ilipokoma. “Hapa hupigwa dansi” humtuma mgeni arudi usiku kwenye mlango uliofungwa.

5.0 Bariadi: mahali pasipo kuta

Mkoa wa Simiyu ulianzishwa mwaka 2012 kwa kumegwa kutoka Shinyanga, na Bariadi ndiyo makao yake makuu. Ukilinganishwa na Kariakoo, unaipima hoja hii vizuri, kwa sababu sanaa yake mashuhuri haikuhitaji jengo. Mbina, yaani ngoma za Wasukuma, huchezwa uwanjani baada ya mavuno. Vyama viwili vikuu, Bagika na Bagalu, ambavyo asili yake hutajwa kuwa wacheza ngoma mahasimu wa karne ya 19, Ngika na Gumha, hucheza kwa wakati mmoja wakitazamana, na mshindi ni yule aliyevuta watazamaji wengi zaidi.

Uhasimu huo si mgeni mjini. Mwanahistoria Terence Ranger alionyesha mwaka 1975 jinsi ngoma ya beni ilivyogawanyika katika kambi za Marini na Arinoti. Wapenzi wa Msondo na Sikinde walirithi mtindo huohuo wa kugawana mji. Ila uhasimu wa mjini uliacha kumbi, na wa Bariadi uliacha vumbi lililotulia. Uwanja wa mbina, msimu ukiisha, ni shamba au malisho. Hapa MU- haina pa kushika. Mwongozaji hubakiwa na PA- na KU-, na kumbukumbu za wazee.

Msemaji wa Kisukuma hukabili kazi hii akiwa na mazoea tofauti. Kisukuma huweka kiambishi cha mahali mbele ya nomino yenyewe: ha numba, ku numba, mu numba. Kiswahili hutumia -ni kwa zote tatu, nyumbani, na kuuachia upatanisho utenge maana: nyumbani hapa, nyumbani huku, nyumbani humu. Mzungumzaji wa Kisukuma huteua ngeli kabla hajataja kitu. Wa Kiswahili anaweza kutaja kitu kwanza na kuahirisha uteuzi. Kuahirisha huko kunampa mwongozaji wa Kiswahili mwanya wa kutosema wazi kama anaonyesha ndani au kiwanja tu.

Mwanya huo si mdogo. Wilayani Bariadi kipo kijiji cha Gamboshi, ambacho uvumi ulioenea nchini umekijengea jiji la usiku lenye majumba na taa, lisiloonekana kwa mpita njia wa kawaida. Jiji hilo limejengwa kwa maneno matupu, na wakazi wa kijiji halisi ndio waliobeba sifa mbaya. Huu ni ushahidi kwamba kuonyesha kisichoonekana si mchezo usio na gharama. Panapokosekana jengo la kumkosoa msemaji, kinachobaki ni alama za chanzo: “wazee husimulia”, “inasemekana”, “hati zinaonyesha”. Mwongozaji anayeziacha amepanda kutoka uvumi hadi ushahidi bila ngazi.

6.0 Hitimisho

Makala haya yameonyesha kwamba matembezi ya kuongozwa ni tendo la lugha ambalo uhalali wake unategemea viambishi vidogo. Jambo hili lina uzito wa kivitendo. Magorofa ya Kariakoo yanaendelea kupanda, na waliocheza dansi katika kumbi za miaka ya 1960 wamekuwa wazee. Kila nyumba inayobomolewa inahamisha sentensi moja kutoka MU- kwenda PA-, na kila mzee anayefariki inahamisha nyingine kutoka PA- kwenda KU-. Bariadi, ambako mahali hapakuwahi kuwa na kuta, kumbukumbu ndiyo jengo la pekee.

Inapendekezwa, kwa hiyo, kwamba wanafunzi wa isimu wa uzamili wapewe kazi ya kurekodi masimulizi ya wazee papo hapo, wakiwa wamesimama mahali panapohusika, ili vionyeshi na ngeli vinaswe pamoja na maudhui. Masimulizi yanayorekodiwa ofisini hupoteza kwanza neno “hapa”, na likipotea hilo, aliyebaki na kinasa sauti hajui tena asimame wapi.