Nani Aliongeza, Nani Alipunguza? (Sehemu ya Pili)

Katika misiba ya Muleba, ambako ukoo mmoja huwa na Wakatoliki na Walutheri, Mkatoliki akitaka andiko la kuwaombea marehemu hufungua Kitabu cha Pili cha Wamakabayo, sura ya 12. Mlutheri aliyeketi naye jamvini anapekua Biblia yake ya vitabu 66 na hakioni; ya mwenzake ina 73. Tuhuma ni zilezile: ninyi mmeongeza; hapana, ninyi mmepunguza.

Orodha za kale zenyewe hazikubaliani.

Eusebio, askofu wa Kaisaria, aliyapanga maandiko mwanzoni mwa karne ya 4. Injili nne zilikubaliwa na wote. Barua za Yakobo na Yuda, ya pili ya Petro, na ya pili na ya tatu za Yohane zilikuwa na ubishi. Vitabu vya Mchungaji wa Herma na Didake aliviweka kando, na Injili ya Tomaso akaitupa kwa wazushi. Ufunuo wa Yohane ulimshinda: aliuandika kati ya vilivyokubaliwa, kisha tena kati ya visivyo halisi, msomaji achague mwenyewe!

Mwaka 367 Atanasi wa Aleksandria, Mwafrika wa Misri, alitaja katika barua yake ya Pasaka vitabu 27 vya Agano Jipya, hivihivi vinavyosomwa leo na Wakatoliki na Walutheri wa Kashozi na Kamachumu. Katika Agano la Kale, hata hivyo, alimwingiza Baruku na kumwacha nje Esta. Esta, pamoja na Tobiti, Yudithi, Hekima na Sira, aliwaachia wakatekumeni, yaani waliojiandaa kubatizwa. Orodha hiyo leo si ya Mkatoliki wala ya Mlutheri.

Sinodi ya Karthago ya 397, Afrika ya Kaskazini, ikavihesabu Tobiti, Yudithi na Wamakabayo kuwa Maandiko. Mtaguso wa Trento ulilithibitisha hilo mwaka 1546, na ndilo walilokuja nalo wamisionari Wakatoliki wa White Fathers waliofungua misheni ya Kashozi mwaka 1892.

Je, Luther alivifuta vitabu hivyo? La. Katika Biblia yake ya Kijerumani ya 1534 alivichapa kati ya Maagano mawili, akisema havilingani na Maandiko Matakatifu lakini vyafaa kusomwa. Pigo kubwa lilitoka kwenye fedha za uchapaji: katika miaka ya 1820 Chama cha Biblia cha Uingereza kiliacha kugharimia Biblia zenye vitabu hivyo. Tafsiri ya Kiswahili ya Union, iliyotoka mwaka 1952 na kuenea katika sharika za Bukoba, ilikuja na vitabu 66.