Graham Alexander: Beki aliyeifikia Ligi Kuu akiwa na miaka 37

MASHABIKI wa kandanda katika ukanda wetu huwataja nyota wa Arsenal, Liverpool na Manchester United kwa majina na namba za jezi. Jina la Graham Alexander halimo kwenye mazungumzo hayo. Hakuwahi kuvaa jezi ya klabu kubwa, na kwa miaka 18 ya mwanzo hakucheza hata dakika moja ya Ligi Kuu ya Uingereza. Hata hivyo, alipotundika daluga mwaka 2012 alikuwa ameshacheza michezo 1,023. Katika soka la kulipwa la Uingereza, alikuwa mchezaji wa pili tu asiye kipa kuvuka michezo 1,000. Wa kwanza alikuwa Tony Ford, mwingine aliyepata riziki yake zaidi katika madaraja ya chini.

Ili kuelewa uzito wa hesabu hiyo, ni vizuri kujua soko lenyewe lilivyo. Uingereza ina klabu 92 katika madaraja manne ya juu: 20 ziko Ligi Kuu, na madaraja matatu yaliyo chini yake yana 24 kila moja. Fedha za matangazo ya televisheni huishia zaidi juu. Huko chini mikataba ni mifupi, uwanja ni mdogo, na mchezaji anayevunjika mguu mwezi Machi anaweza kujikuta hana kazi ifikapo Juni. Mtaji wake ni mwili wake, na mwili hauna akiba ghalani.

Alexander alizaliwa Coventry Oktoba 1971. Alianza kulipwa Scunthorpe United, klabu ya mji wa viwanda vya chuma, mwanzoni mwa miaka ya 1990, wakati timu hiyo ikiwa daraja la nne. Haikuchukua muda akaonja uchungu wa kazi hiyo. Mei 1992 Scunthorpe ilifika Wembley katika fainali ya mchujo wa kupanda daraja dhidi ya Blackpool. Mchezo ulikwisha kwa sare ya 1-1, ikaja mikwaju ya penalti. Alexander, kijana wa miaka 20 aliyetoka benchi, alipiga mkwaju wake ukashindwa kuingia. Blackpool ilishinda 4-3 na kupanda.

Wapo wachezaji ambao baada ya siku kama hiyo hawasogelei tena alama ya penalti. Yeye alifanya kinyume. Kadiri miaka ilivyokwenda, ndiye aliyekuwa akikabidhiwa mpira kila refa alipopuliza kipenga cha penalti. Alimaliza akiwa na magoli zaidi ya 100, idadi ambayo baadhi ya washambuliaji hawaifikii, na mengi kati ya hayo yalitokana na mikwaju hiyo. Alikimbia moja kwa moja na kuupiga mpira kwa nguvu, bila madaha.

Mwaka 1995 alihamia Luton Town, akawa beki wa kulia wa kutegemewa. Lakini Luton iliingia katika matatizo ya fedha, na klabu yenye madeni huuza ilichonacho kwa bei inayopatikana. Machi 1999 David Moyes, ambaye wakati huo alikuwa kocha kijana wa Preston North End, alimchukua kwa pauni 50,000. Yeyote anayenunua mali kutoka kwa muuzaji aliyebanwa na wadai anaijua biashara ya namna hiyo. Kwa fedha hizo Preston ilipata beki aliyedumu miaka minane na kucheza zaidi ya michezo 300 ya ligi.

Msimu wa kwanza kamili, Preston ilitwaa ubingwa wa daraja la tatu na kupanda. Sasa ilibaki ngazi moja tu kufika Ligi Kuu, na ngazi hiyo ikawa ngumu kuliko zote. Mwaka 2001 Preston ilifika fainali ya mchujo mjini Cardiff ikafungwa 3-0 na Bolton. Mwaka 2005 ilirudi Cardiff ikafungwa 1-0 na West Ham. Mwaka uliofuata ilitolewa na Leeds katika nusu fainali. Mchujo ni mchezo wa kikatili. Timu hufanya kazi miezi tisa, michezo 46, kisha faida au hasara yote huamuliwa ndani ya wiki chache.

Hata hivyo milango mingine ilifunguka. Aprili 2002, akiwa na miaka 30 na akicheza daraja la pili, aliitwa timu ya taifa ya Scotland na kuichezea kwa mara ya kwanza dhidi ya Nigeria mjini Aberdeen. Wengi walidhani ni zawadi ya mara moja kwa mtu mzima aliyefanya kazi vizuri. Aliichezea Scotland mara 40. Septemba 2007 alikuwa miongoni mwa mabeki waliowazuia Ufaransa jijini Paris, Scotland iliposhinda 1-0 kwa kombora la James McFadden.

Mwezi mmoja kabla ya usiku huo wa Paris, Preston ilikuwa imemuuza kwa Burnley, jirani na mpinzani wake katika eneo la Lancashire. Alikuwa na miaka 35, umri ambao mabeki wengi tayari wanatafuta kazi nyingine. Kocha Owen Coyle alimsogeza mbele akawa kiungo mkabaji, akicheza kwa kusoma mchezo zaidi kuliko kukimbia. Msimu wa 2008/09 Burnley ilicheza michezo 61 ya mashindano yote, na mwishoni ikajikuta tena pale pale: kwenye mchujo.

Nusu fainali ya kwanza dhidi ya Reading ilikuwa bado 0-0 dakika ya 84 refa alipotoa penalti. Miaka 17 baada ya Wembley ya Scunthorpe, Alexander alitembea hadi kwenye alama, akaupiga, ukaingia. Burnley ilishinda 1-0, kisha 2-0 ugenini. Mei 25, 2009, mbele ya watu zaidi ya 80,000 Wembley, goli la Wade Elliott liliizamisha Sheffield United. Burnley ikarejea ligi ya juu baada ya miaka 33.

Agosti mwaka huo Alexander aliingia uwanjani dhidi ya Stoke akiwa na miaka 37. Wakati huo hakuna mchezaji asiye kipa aliyewahi kuanza Ligi Kuu akiwa na umri mkubwa kama huo. Siku nne baadaye Burnley iliifunga Manchester United, bingwa mtetezi, 1-0. Desemba, mkwaju wake wa penalti uliipa Burnley sare ya 1-1 na Arsenal. Furaha hiyo haikudumu. Coyle aliondoka Januari kwenda Bolton, na Burnley ikamaliza nafasi ya 18 na kushuka. Alexander alikuwa ameusubiri msimu huo kwa miaka 18, na ndio pekee alioupata.

Hakuacha kwa kisirani. Aprili 2011 alifikisha mchezo wa 1,000 akiwa bado Burnley, kisha akarudi Preston, iliyokuwa imeporomoka hadi daraja la tatu. Aprili 28, 2012, akiwa na miaka 40, aliingia kutoka benchi dhidi ya Charlton katika mchezo wake wa mwisho. Preston ilikuwa nyuma 2-1 dakika zikiwa zimekwisha. Ikapatikana faulo nje ya eneo la hatari. Alexander akaupiga mpira wavuni: 2-2. Huo ndio mguso aliouaga nao mchezo.

Tangu hapo amekuwa kocha, na mchujo uliomtesa umemlipa. Mwaka 2014 aliipandisha Fleetwood Town, na mwaka 2019 akaiingiza Salford City katika madaraja ya kulipwa kwa mara ya kwanza. Salford hiyo hiyo baadaye ilimsajili Haji Mnoga, beki wa timu ya taifa ya Tanzania aliyezaliwa Portsmouth. Mei 2025 aliipandisha Bradford City moja kwa moja kwa goli la dakika za nyongeza siku ya mwisho ya msimu.

Wahenga walisema mvumilivu hula mbivu. Lakini Alexander hakukaa chini ya mti akisubiri embe lianguke. Aliposhindwa penalti alizidi kuzipiga, alipouzwa kwa bei ya chini alicheza, na miguu ilipopungua kasi alibadili nafasi. Hakuna mchezo wowote kati ya hiyo 1,023 aliopewa kwa sababu ya jina lake.