Tusiwafunze vijana kuigawa dunia mafungu mawili

Jioni moja, katika darasa la marudio ninalolifunza hapa Mkomani, nilichora mstari wa chaki katikati ya ubao. Upande wa kushoto niliandika "wema", upande wa kulia nikaandika "uovu", kisha nikawataka wanafunzi wawapange wahusika wa Kusadikika. Kazi hiyo haikuchukua hata dakika tano. Karama na wajumbe wakawekwa kushoto, waziri Majivuno akawekwa kulia. Nami, kwa kuridhika na wepesi wao, nikawaomba wanitajie vinyume vingine wanavyoviona katika maisha yao. Zikaja jozi chungu nzima: usiku na mchana, tajiri na maskini, mjini na shamba, pwani na bara.

Hapo msichana mmoja akanyosha mkono. "Mwalimu, mimi niandikwe wapi? Mama ni wa Kisauni, baba ametoka Machakos." Wenzake waliangua kicheko. Yeye hakucheka. Alikuwa akingoja jibu, nami sikuwa nalo.

Nimelitafakari swali lile siku nyingi, na leo sina budi kukiri kwamba kosa lilikuwa langu. Nilikuwa nimekifunza kitabu kile kinyume na kinavyofunza chenyewe.

Tukumbuke jinsi Shaban Robert alivyoibuni nchi yake katika hadithi hiyo iliyochapishwa mwaka 1951, Tanganyika ingali chini ya utawala wa Waingereza. Kusadikika ni nchi iliyo angani, nayo imezungukwa na nchi sita: za mashariki na magharibi, kaskazini na kusini, mbinguni na ardhini. Hizo ni jozi tatu za vinyume, na Kusadikika imo katikati yao. Kila upande ulipelekewa mjumbe. Kila mjumbe alirudi na maarifa ya kuifaa nchi yake, na malipo ya kila mmoja yakawa kifungo. Karama, aliyeshtakiwa kwa kutaka kuanzisha elimu ya sheria, alijitetea kwa kusimulia safari za wajumbe hao mbele ya mfalme, hata mwisho akaachiliwa huru, na wale waliofungwa wakafunguliwa.

Basi maradhi ya Kusadikika yalikuwa nini? Hayakuwa kwamba mashariki si magharibi, wala kwamba mbingu si ardhi. Tofauti hizo ndizo zilizoipa nchi mahali pa kujifunza. Maradhi yake yalikuwa ile imani ya wakubwa kwamba kitokacho upande wa pili ni hatari kabla hakijasikilizwa. Na je, mimi niliyewagawa wahusika kwa chaki kabla ya kusikiliza hoja zao, nilikuwa mbali na mahakama ile?

Tazama pia mahali ilipo nchi hiyo. Kwa aliye ardhini, Kusadikika iko juu. Kwa aliye mbinguni, Kusadikika iko chini. Nchi ni ile ile, haikusogea hata shubiri; aliyehama ni mtazamaji. Wala hatuhitaji kupaa angani ili tulione jambo hili. Ukisimama kisiwani Mvita, Mkomani ni ng'ambo, ni upande wa bara. Ukisimama Nairobi, Mkomani hiyo hiyo ni Pwani. Tangu Daraja jipya la Nyali lifunguliwe mwaka 1980, maelfu ya watu hulivuka kila siku kwenda kazini na kurudi, wakiwa watu wa bara asubuhi na watu wa pwani jioni, pasi na kubadilika chochote katika damu zao. Yule msichana hakuwa kioja darasani. Alikuwa amelisema waziwazi lililo kweli juu yetu sote.

Lugha yetu yenyewe ingalituonya, lau tungaliisikiliza. Kila mwanafunzi wa sekondari amefunzwa kauli ya kutendua: funga na fungua, ziba na zibua, kunja na kunjua, tega na tegua. Twakariri orodha hiyo kwa ajili ya mtihani, tukasahau kustaajabu. Kinyume cha kufunga hakikuletwa kutoka ugenini. Kimechipuka katika mzizi ule ule. Methali zetu nazo zatwambia kwamba penye wengi hapaharibiki neno, halafu zikatwambia kwamba wapishi wengi huharibu mchuzi. Wahenga hawakuwa wasahaulifu. Walijua kwamba mtu mzima hana budi kuzibeba kauli zote mbili na kupima ni wakati gani hii yafaa na wakati gani ile. Heraclitus, Mgiriki aliyeishi yapata miaka 500 kabla ya Masihi, naye alifikiri kwamba njia ya kupandia na njia ya kushukia ni njia moja.

Huenda mwalimu mwenzangu akaniuliza: je, unataka kutwambia kwamba wema na uovu ni mamoja? La hasha! Majivuno alidhulumu, na dhuluma haigeuki haki kwa kutazamwa kutoka upande mwingine. Lakini wema na uovu ni sifa za matendo, na matendo hupimwa kwa ushahidi. Pwani na bara ni mahali watu walipozaliwa, na mahali pa kuzaliwa hapana hatia wala fadhila. Tunapowazoesha vijana kuziandika jozi hizi zote chini ya mstari mmoja, akili zao huanza kuzichanganya polepole, hata "wa kule" likawa ni jina jingine la "mbaya".

Tulikwisha kuuonja uchungu wa mchanganyiko huo. Tarehe 13 Agosti 1997 kituo cha polisi cha Likoni kilivamiwa, na kwa majuma yaliyofuata wakazi walioitwa watu wa bara walishambuliwa na kufukuzwa makwao. Zaidi ya watu 100 walipoteza maisha, na maelfu wakayahama makazi yao. Siasa ilikuwa na mkono wake, na ardhi ilikuwa na kilio chake cha miaka mingi. Dhiki hizo hazikuzuliwa na ubao wa darasani. Lakini mchochezi hupata kazi nyepesi anapowakuta vijana waliokwisha kufundishwa kwamba kila mtu ana safu yake, na kwamba safu ni mbili tu.

Kwa hivyo nawasihi walimu wenzangu. Tufunze vinyume, kwani pasipo vinyume hapana fikira. Lakini tusikomee kwenye kupanga majina. Tumwombe mwanafunzi amtetee Majivuno kwa hoja, kisha azijibu hoja hizo yeye mwenyewe. Tumwulize kila jozi inaungana wapi, na nani anakaa katikati yake. Nanyi wanafunzi, mkiulizwa katika mtihani mtaje wema na uovu katika Kusadikika, tajeni. Lakini msitoke chumbani mkidhani kwamba mmekwisha kukielewa kitabu.

Juma lililofuata nilimrudia yule msichana mbele ya darasa zima. Nilimwambia kwamba swali lake halina jibu kwa sababu mstari wangu haukuwa na haki ya kuwapo. Kisha nikampa kifutio. Aliufuta mstari taratibu, kutoka juu hadi chini, akayaacha maneno yote mahali pake. Safari hii hakuna aliyecheka.